Nchi Isiyo na Kutoa

Wanafunzi wangu hapa Garissa husema mimi ni mkali, na hawanisingizii. Sipendi kelele, sipendi mtoto anayenakili jibu la jirani. Ila tukifika kwenye hesabu za kutoa wananishangaa, kwa sababu siku hiyo sigombi na mtu. Nachora kisima ubaoni, naanza kuchota ndoo moja moja, na sauti yangu inakuwa ndogo.

Kuna wakati mimi na dada yangu tulipiga marufuku kutoa.

Tulikuwa wasichana wadogo, upande wa Griftu, kwa wafugaji. Aabo, baba yetu, hakuwahesabu ngamia wake hata siku moja. Kwetu mifugo haihesabiwi kwa sauti, wala watoto. Ukitaja idadi umeialika hasara. Jioni alisimama tu akiwatazama wakiingia zizini, akajua nani hayupo. Shuleni nako mwalimu alituuliza: baba ana ngamia kumi, watatu wakifa wanabaki wangapi? Dada, aliyenizidi umri na akili, alikasirika. "Huyu anatutafutia balaa," akasema. Jioni hiyo akasawazisha mchanga nyuma ya nyumba, akaniambia tujenge nchi yetu, nchi ya hesabu isiyo na kutoa.

Nchi ile niliijua kuliko njia ya shule. Namba za mamoja zililala porini, za makumi zilikuwa na maboma yake, za mamia zilikaa mjini. Kujumlisha ndiyo ilikuwa safari. Kuzidisha ndiyo ilikuwa mvua, nayo ilinyesha dada alipotaka. Sifuri tulimweka bawabu, maana ukimjumlisha na mtu habadilishi kitu. Kugawanya dada alikataa pia, akasema huko ni kutoa kulikovaa buibui. Sheria ilikuwa moja: kilichoingia hakitoki.

Aabo alitukuta siku moja, akasikiliza. "Astaghfirullah," akasema. "Ulimwengu mwingine una mwenyewe, binti zangu." Akaenda zake, na sisi tukaendelea.

Kisha ukaja ukame. Mvua ilikosa msimu, ikakosa na mwingine, na lori la maji likawa linakuja linapojisikia. Ngamia walianza kuanguka. Kila aliyeanguka tulimwingiza nchini kwetu. Dada alichora alama yake mchangani, akamtafutia mahali. Nisiseme uongo, ilinifariji sana. Aabo alikaa mlangoni bila kumtazama mtu, nami nilimwonea huruma kwamba hajui ngamia wake wako wapi.

Kabla mvua hazijarudi, dada akashikwa na homa. Alipelekwa zahanati, akarudi na vidonge, homa ikapanda tena, macho yakawa ya manjano. Hooyo, mama yetu, alimkanda kwa kitambaa mchana kutwa, na Aabo akaenda kutafuta gari la kumpeleka Wajir. Mimi sikungoja gari. Nilikaa kando ya mkeka wake nikamnong'oneza, "Abaayo," maana ndivyo dada kwa dada tunavyoitana, "usiogope. Nimekuandalia mahali, kwenye mamia, karibu na mvua. Ukiingia hutoki."

Hakutabasamu. Alinitazama kama anavyotazama jibu langu likiwa na kosa.

"Kule nani anakama?" akauliza.

Nikamwambia atakama mwenyewe, ngamia wote wako kule.

"Kukama ni kutoa," akasema. "Kuchota kisimani ni kutoa. Tulijenga vibaya, abaayo. Kule hakuna anayekunywa." Alipumzika kidogo. "Nina kiu. Usinipeleke kule. Niache niende kwa Mwenyezi Mungu, huko tumeambiwa kuna mito."

Nililia kwa hasira. Nilimwambia haendi popote. Kesho yake gari lilipofika, alikuwa ameshafariki, na lilitumika kuleta watu wa mazishi.

Watu walisoma dua, wakaondoka. Mimi nikashika kikombe chake. Alikuwa amebaki ngamia mmoja tu wa maziwa, na kila jioni Hooyo alipomimina yale maziwa yenye harufu ya moshi wa kibuyu, nilimpa kikombe cha dada akijaze. Alikijaza. Nilikiweka penye mkeka wake, kikalala hapo, maziwa yakachacha. Aliyethubutu kukigusa alikiona cha mtema kuni. Kwa hesabu zangu, kikombe kikiwa kimejaa, nyumbani hajatoka mtu.

Jioni moja Hooyo alijaza changu, akajaza cha Aabo, akajaza cha dada, na kibuyu kikaisha. Chake alikigeuza chini haraka, nisione. Nikaona. Nikaona pia midomo yake, imekauka mpaka imepasuka, na nikakumbuka kwamba sijamwona akinywa maziwa tangu siku ya mazishi. Nyumba yetu ilikuwa imeshakuwa ile nchi, na mwenye kiu sasa alikuwa mama yangu.

Nilipiga moyo konde, nikachukua kikombe cha dada nikampa. "Kunywa, Hooyo."

Alikishika kwa mikono miwili. Alilia kwanza, kilio ambacho hakukilia mbele za watu, kisha akanywa nusu, akanirudishia. Nami nikanywa yaliyobaki huku nalia, yakaisha.