Vifuniko Kumi na Viwili

Harufu ya javel, dawa ya kung'arisha nguo, hunirudisha kwenye veranda yetu ya zamani. Wengine ikiwafikia hukumbuka hospitali, au mashuka meupe yaliyoanikwa juani. Mimi hukumbuka betri mbili nyeusi chini ya kiti cha Papa, na mtoto aliyepiga magoti mbele yake akiwa na chupa mkononi. Wiki hii nimeikumbuka ingawa hakuna aliyefungua javel nyumbani. Fundi alikuja Jumanne kubadilisha betri za kigari changu cha umeme, kile cha magurudumu matatu ambacho binti yangu alinitumia kwa njia ya Kigoma magoti yalipokataa kupanda mlima. Akanyanyua kiti, akafungua skrubu nne, na kabla hajatoa betri ya kwanza nilikuwa nimeshaweka chupa ya maji ya mvua karibu na mguu wake. Akaitazama. "Hii njo ya nini, Mama?" Nikamwambia ni ya betri. Akacheka kidogo, kwa heshima. "Mama, za siku hizi hazinywi maji. Zinafungwa kabisa kwenye kiwanda." Nikasema sawa. Chupa nikaiacha pale pale.

Nilikuwa na miaka tisa mwaka ule Mama alipofariki. Tulikaa katika nyumba za reli, hapa Kalemie, mahali ambapo asubuhi unasikia filimbi ya treni kwanza, kisha kengele ya kanisa. Papa alikuwa fundi wa betri katika atelye, karakana ya reli. Kazi yake ilikuwa kuchaji betri zinazowasha taa ndani ya mabehewa, na mikono yake ilikuwa na madoa ya asidi ambayo hayakutoka hata kwa sabuni ya Mama. Baadaye mgongo wake ukaugua. Ganzi ilianzia vidoleni, ikapanda magotini, ikafika kiunoni, na hapo ikatulia. Padri mmoja mzee, ambaye naye miguu ilikuwa imemwacha, alipokuwa anarudi kwao Ulaya alimwachia Papa kigari chake cha umeme. Watoto wa mtaa walikimbia nyuma yake wakiimba mlio wa treni, na Papa aliwajibu kwa honi. Kwa kigari kile alipanda mlima kila Jumapili mpaka mlango wa kanisa, bila kushikwa na mtu.

Lakini betri zake zilikuwa zimezeeka, na zilikufa kabisa wiki ileile Mama alipougua. Siku ya mazishi wanaume walileta kipoyi, kile kiti cha miti miwili kinachobebwa mabegani. Papa alikitazama, akatikisa kichwa. "Mu kipoyi walikuwa wanabebwa wazungu na wagonjwa," alisema. "Miye nilimuoa huyu mwanamuke nikiwa nasimama. Sitamusindikiza kama muzigo." Wakamsihi. Akakataa. Mwishowe jeneza lilitoka, nyimbo zikapanda mlima, na sisi wawili tukabaki kwenye veranda tukisikiliza sauti zikipungua. Mimi walinikataza kwenda kaburini kwa sababu nilikuwa mdogo. Papa alijibana paja kwa vidole viwili, kama alivyozoea kujipima, akaniambia, "Sisikii kitu." Nami nikajibana mkono. Nilisikia, lakini kwa mbali, kama mkono wa mtu mwingine. Sikulia siku ile wala wiki ile. Shangazi Feza, dada yake Papa aliyetoka Zongwe kuja kututunza, alinong'ona jikoni kwamba mtoto huyu halii, atakuja kuugua. Nilimsikia. Nikaendelea kuchambua maharage.

Papa aliweka nadhiri moja tu. Siku ya arobaini, siku ya kuondoa kilio, familia ingesimika msalaba wa simenti juu ya kaburi, na kwetu mkono wa kwanza kuusimika ni wa mume. Alisema atafika pale mwenyewe, atausimika mwenyewe, na kumwomba Mama msamaha kwa kutomsindikiza. Rafiki yake wa atelye, Papa Mulongo, ndiye aliyehangaika. Aliomba ruhusa kwa wakubwa wake, akaja na betri mbili kutoka behewa ambalo halikutembea tena, akazisukuma kwenye mkokoteni kutoka stesheni huku jasho likimtiririka.

"Kaka, zitaweza?" Shangazi Feza aliuliza, mikono kiunoni.

"Mama Feza, hizi bateri ziliwasha taa toka hapa mupaka Kabalo," alijibu Papa Mulongo. "Zitashindwa na huyu mwenye mifupa mitupu?"

"Mifupa?" Papa alisema. "Weye uliyenona, ungeliingia kwenye kiti hiki?"

Walicheka, na kicheko kile kilikuwa cha kwanza nyumbani tangu msiba. Mimi nilikuwa nimeshika spana. Papa, ameketi kwenye mkeka, alielekeza kila kitu: toa waya hasi kwanza, usiguse vichwa viwili kwa pamoja, pakaa grisi kwenye vichwa vya betri visiliwe na kutu. Papa Mulongo alijua hayo yote vizuri, lakini aliitika "ndiyo, shefu" kila mara, kama zamani kazini. Betri zilipokaa mahali pake Papa akaniita. Juu ya kila betri kulikuwa na vifuniko sita. Akanionyesha jinsi ya kuvifungua, jinsi ya kuchungulia ndani bila kuinamisha uso sana, na kiasi cha maji ya kuongeza. "Hii itakuwa kazi yako, Mado. Kila Jumamosi. Maji ya mvua, ya lile pipa. Si ya ziwa, si ya bomba." Sikuuliza kwa nini. Nilihesabu vifuniko, vikawa kumi na viwili, nikavipa majina ya mitume. Cha mwisho sikukiita Yuda. Nilikiita Matia, aliyechaguliwa kushika nafasi yake.

Sasa niseme nilichofanya. Kwenye rafu, chini ya msalaba wa sebuleni, ilikuwapo chupa ya maji ya baraka ya Mama. Padri alikuwa amemnyunyizia maji hayo ndani ya jeneza, na katika mafundisho tulikuwa tumeambiwa kwamba yanafukuza adui na kuwatia nguvu wanyonge. Mimi nilikuwa nimeshajiuliza kwa nini betri zilikufa wiki ile na si nyingine, na nilikuwa nimepata jibu: adui alitaka kumzuia Papa asiende kuzika. Kwa hiyo Jumamosi ya kwanza nilimimina maji ya pipa chini ya mgomba, nikachukua chupa ya Mama, na kujaza mitume wote kumi na wawili, kila mmoja kwa Baba Yetu moja. Kesho yake, baada ya misa, nikaijaza chupa tena kwenye mtungi wa kanisani, nikairudisha kwenye rafu. Nilifanya hivyo Jumamosi zote mpaka siku ya arobaini. Wakati wa kuchaji, veranda ilinuka javel. Shangazi Feza alikuwa akifua kwa javel mashuka ya wageni wa msiba, basi hakuna aliyeshangaa. Papa alikaa mahali pake karibu na dirisha, rozari mkononi. Mtu asiyeweza kwenda popote huona mengi ya nyumbani mwake, lakini hilo sikulifikiria wakati huo.

Siku ya arobaini ilianza na mvua, kisha jua likatoka. Papa alivaa suti yake ya arusi. Nilikuwa nimepaka viatu vyake rangi mpaka vikang'aa, na soli zilikuwa mpya kwa sababu hazikuwa zimekanyaga chini kwa miaka. Wakamwekea msalaba wa simenti mapajani, akaushika kama mtu anayeshika mtoto, akawasha kigari. Watu walifuata wakiimba. Tulipita stesheni, tukaanza mlima. Kwenye kona ya kwanza kigari kilipunguza mwendo. Papa akaongea nacho kwa sauti ya chini, kama alivyokuwa akiongea na mitambo ya atelye. Kabla ya kona ya pili kikasimama. Kilikoroma mara moja, kikaanza kurudi nyuma, na Papa Mulongo akaruka kuweka jiwe nyuma ya gurudumu. Nyimbo zikakatika.

Wanaume wawili walimnyanyua Papa wakamkalisha kando ya njia. Papa Mulongo akanyanyua kiti, akafungua kifuniko kimoja, akainamisha pua, akaivuta nyuma haraka.

"Javel!" alisema. "Inanuka javel. Nani alitia chumvi mu bateri?"

Nilijua sikutia chumvi, kwa hiyo nilisimama bila hofu, na pia bila kitu kingine chochote. Papa alinitazama. Alitazama gauni langu, sehemu ya magoti, ambako asidi ilikuwa imetoboa vitundu. Kisha akatazama juu, kuelekea kanisa.

"Ni bateri za zamani, Mulongo," alisema. "Zilichoka."

"Hazikuchoka! Nilizipima miye mwenyewe, na mikono yangu hii—"

"Mulongo. Funga kiti."

Papa Mulongo akafunga. Mtu mmoja nyuma akanong'ona habari ya kipoyi. Papa Mulongo alimgeukia kwa hasira, halafu akachuchumaa mbele ya Papa, mgongo umemwelekea. "Haya, shefu, panda. Treni hii haina bateri, inakunywa pombe tu." Nilidhani Papa atakataa, kama alivyokataa siku ya mazishi. Aliutazama mlima uliobaki. Kisha akanyosha mikono, akamshika rafiki yake shingoni. Shangazi Feza akajitwisha msalaba kichwani. Nilitembea nyuma yao mlima mzima nikitazama viatu vile vinavyong'aa vikining'inia, vikigongana kidogo kwa kila hatua. Kaburini walimweka Papa juu ya udongo wenyewe. Alisimika msalaba kwa mikono yake, akausawazisha, akaegemea paji la uso juu ya simenti na kusema maneno ambayo hayakutufikia. Suti ilijaa matope. Hakulia, nami sikulia.

Betri nyingine hazikupatikana. Kigari kilirudishwa kwenye veranda, na kuku mmoja akaanza kutaga chini yake. Lakini Jumamosi iliyofuata Papa aliniita. "Mado, leta maji." Nikakitazama kigari, kwa sababu betri zilikuwa zimekufa na sote tulijua. "Ya mvua," akasema. "Ya mvua tu." Nikachota kwenye pipa, nikafungua vifuniko kumi na viwili, nikajaza, nikafunga. Alinitazama mpaka mwisho, akasema, "Muzuri, mutoto wangu." Na Jumamosi nyingine vilevile, na nyingine, mpaka nilipoondoka kwenda kusoma ualimu.

Nilikuwa mwalimu wa dini, nina watoto watatu, siku nilipomsaidia padri kubariki maji ya mtungi. Alishika chumvi kwa vidole, akaomba, akaitumbukiza majini. Nikamuuliza kama huwa inatiwa kila mara. Akasema hapa ndiyo, tangu zamani. Basi chumvi ya betri niliitia mimi. Papa alihudumia altare miaka mingi ujanani. Alilijua hilo kabla sijazaliwa. Nilisimama na sahani ya chumvi mkononi, nikahesabu zile Jumamosi zote. Alikuwa ameshazikwa karibu na Mama, na hakukuwa tena na mtu wa kumwomba msamaha isipokuwa Mungu. Niliungama. Padri alinipa Baba Yetu moja. Nikasali kumi na mbili.

Jumatano, siku moja baada ya fundi, nilipanda mlima kwa betri mpya. Njia sasa ina pikipiki nyingi na vibanda vya kuuza muda wa simu, na kona ya pili imemwagwa kokoto. Kigari hakikupunguza mwendo. Nilipita pale tulipomkalisha Papa kando ya njia na sikusikia kitu kikubwa, ila kwamba nilikuwa nimefika juu kabla ya kumaliza fumbo moja la rozari. Nikawasalimu Papa na Mama makaburini. Nikamshukuru Mungu, nikarudi. Zamani kigari kilihitaji fundi, rafiki, dada na mtoto, na bado kilisimama njiani. Hiki changu hakihitaji mtu. Leo ni Jumamosi. Asubuhi nimenyanyua kiti na chupa iko mkononi, nikatazama betri mbili zisizo na kifuniko hata kimoja. Kisha nimekishusha kiti, nikaipeleka chupa kwenye rafu.