Karamu ya Goti la Verlin

Verlin Hatch alikuwa na kazi ya kutoa vitu ndani ya nyumba za watu na kuvipeleka dampo. Vingi vilikuwa vizima. Vingine vilikuwa bado ndani ya maboksi yake, havijaguswa na mkono wa mtu tangu vitoke dukani.

Katika mji wa Dunmore Falls, jimbo la Ohio, kazi hiyo haikuwa na msimu. Mtu akifa, watoto wake wanakuja kwa ndege, wanazunguka vyumbani, wanachukua picha na pete za mama, kisha wanapiga simu. Mtu akiachana na mkewe, simu. Mtu akizichoka tu sofa zake, simu. Hapo Verlin na mwenzake Rufino Ayala wanafika na lori, na kabla ya jioni nyumba inabaki mwangwi mtupu.

Asichoweza kukitupa, Verlin alikipeleka kwake. Gereji yake ilijaa mashine za mazoezi, mashine za kahawa, televisheni na mahema, hata gari likawa linalala nje kwenye theluji.

"Siwezi kutupa kitu kizima," alikuwa akimwambia mkewe.

"Basi nitupe mimi," Arlene akamjibu siku moja, "maana mimi si mzima tena, na nafasi itapatikana."

Ujana wake Verlin aliumalizia kwenye kiwanda cha vioo, kama baba yake na babu yake. Kiwanda kilipofungwa aliendesha malori, kisha akalinda maghala, kisha akaangukia kazi hii. Hakuna siku aliyojiita maskini. Ungemuuliza, angekuambia yeye ni mtu wa kati. Ajabu ni kwamba hata wale wa nyumba za juu kule ziwani, wenye vyoo vingi kuliko watu wa kuvitumia, nao ukiwauliza ni watu wa kati. Mji mzima ulikuwa katikati, na hakuna aliyejua pembeni ni wapi.

Goti lake la kulia lilikuwa limekwisha. Daktari alishamwambia kwamba dawa yake ni moja tu, kuwekewa jingine. Lakini mwajiri wake hakutoa bima ya matibabu, na Arlene, aliyepika shuleni kwa saa chache, hakuwa na bima ya kumgawia mume. Kwa hiyo Verlin alikuwa anangoja afike sitini na tano, umri ambao serikali inaanza kuwalipia wazee matibabu. Alikuwa na sitini na tatu. Wenzake waliogopa uzee. Yeye aliungoja kama mfungwa anavyongoja mlango.

Mwezi wa Oktoba yeye na Rufino walitumwa kwenye nyumba moja ya ziwani. Mwenye nyumba alipotoka mlangoni, mwanamke mwembamba mwenye viatu vya mazoezi na nywele za fedha zilizokatwa vizuri, alimtazama Verlin mara moja, akapiga kelele.

"Verlin Hatch! Si wewe? Ni mimi, Glenda! Glenda Pruitt wa Mtaa wa Tatu!"

Akamkumbatia na jasho lake lote. Walikuwa wamesoma darasa moja. Baba yake Glenda alikuwa mlevi wa kutupwa, na siku nyingi za baridi msichana yule alikula kwa kina Hatch. Sasa alikuwa anahamia Arizona kwenye joto, kwenye nyumba iliyonunuliwa pamoja na vitanda na vijiko vyake.

"Kwa hiyo humu ndani chukueni mnachotaka," alisema. "Kingine tupeni. Mimi nabeba sanduku moja tu."

Saa sita aliwaletea maji ya limau, akaketi nao nyuma ya lori, miguu ikining'inia kama zamani. Akawasimulia alivyoanza kwa kusafisha nyumba za watu. Kiwanda kilipofungwa, watu wa Mtaa wa Tatu wakashindwa kulipa mikopo, nyumba zao zikawa zinauzwa na benki kwa bei ya kutupa. Akakopa, akanunua moja, akaipaka rangi, akaipangisha. Akanunua ya pili. Ilipofika zamu ya nyumba ya kina Doyle, alikuwa ameshaacha ufagio.

Verlin alizijua zote. Alijua na waliohamishwa mmoja mmoja.

"Nchi hii ukijituma inakulipa," Glenda alisema. "Si ndivyo, Verlin?"

"Ndivyo," Verlin akajibu.

Na hakusema kwa adabu tu. Alikuwa akiamini.

Glenda aliporudi ndani, Rufino alimgeukia. "Na wewe hukujituma?"

"Labda si vya kutosha."

"Mama yangu! Miaka arobaini mgongo unalia, mzee, halafu si vya kutosha?"

"Usianze, Rufino."

"Kwetu Michoacán, kule Mexico, tajiri akipita tunasema huyo mwizi. Ninyi akipita mnasema, kesho ni mimi."

Verlin akacheka. "Na kusema hivyo kumewafikisha wapi?"

"Kumenifikisha hapa. Nabeba sofa na wewe."

Walicheka wote wawili, wakashuka chini ya nyumba, kwenye chumba cha stoo. Huko kulikuwa na friza ndefu kama jeneza, imejaa nyama: mapande ya ng'ombe, bata mzinga wawili, samaki wa Alaska. Umeme ulikuwa umeshazimwa na nyama imeanza kuyeyuka barafu. Waliijaza yote kwenye mifuko myeusi. Rufino alikuwa akitupa huku anajifanya kuomboleza, analitaja kila pande kwa jina la mjomba wake. Kisha wakaiinua friza, Verlin chini, Rufino juu, wakaanza kupanda ngazi.

Goti lilikubali ngazi za mwanzo. Karibu na kilele likakataa. Halikuuma, lilikwenda pembeni tu, kama bawaba iliyong'oka. Verlin aliiegemeza friza ukutani kwa bega ili isimwangukie, ikamkwaruza ikapita, naye akaifuata mpaka chini.

Glenda alikuja mbio, simu tayari mkononi.

"Usimsogeze! Naita gari la wagonjwa."

"Usipige," Verlin alisema akiwa sakafuni.

"Mguu umegeuka, Verlin!"

"Glenda, nakuomba. Ngazi hazijaniua. Gari lile ndilo litakaloniua."

Glenda alidhani amechanganyikiwa kwa maumivu. Akamtazama Rufino, na Rufino akatazama viatu vyake. Ndipo akaelewa. Mkono wenye simu ukashuka taratibu.

"Huna bima?"

"Nangoja. Bado miaka miwili."

Glenda aliketi kwenye ngazi ya chini. "Basi nitalipa mimi. Kila kitu. Kwangu si kitu hata kidogo."

Pengine asingesema lile neno la mwisho, mambo yangekuwa mengine. Au pengine yangekuwa yale yale. Verlin alijishika ukutani, akajiinua kwa mguu mmoja, jasho likimtiririka.

"Asante," alisema. "Tutajisimamia."

Rufino alimpakia kwenye lori katikati ya makochi.

Mwajiri alimtumia ujumbe wenye picha ya maua, akimtakia nafuu ya haraka. Hakumwandikia tena.

Kanisa ndilo lililoamka. Wanawake wa kanisani hawakumwuliza. Walibandika matangazo kituo cha mafuta, benki na kinyozi, uso wake ukicheka: njooni mle spageti, mmsaidie Verlin apate goti. Verlin alipoona tangazo hilo kwa mara ya kwanza alirudi kwenye gari akafunga mlango. Miaka yote yeye ndiye aliyekuwa anakoroga masufuria kwenye karamu za namna hiyo. Alikoroga kwa ajili ya figo za Bud Doyle. Alikoroga kwa ajili ya mtoto wa mwalimu. Kutia kwenye kapu la mchango alijua, kutiliwa hakujifunza.

"Siendi," alimwambia Arlene siku ilipofika.

"Nilipomenya vitunguu kwa ajili ya Bud hukusema ni aibu."

"Bud alikuwa mgonjwa."

"Na wewe ni nini, mcheza dansi? Vaa shati."

Akavaa.

Ukumbi ulijaa mpaka watu wakala wamesimama. Meza zilipinda kwa chakula: spageti sinia kwa sinia, mikate ya vitunguu saumu, pai za tufaha, za malenge, za cheri. Rufino alileta tamale za mkewe, zimefungwa kwenye maganda ya mahindi, na Bud Doyle akala nyingi kupita wote. Patsy wa kituo cha mafuta, ambaye meno yake ya mbele yalikuwa yamekwisha na hakuwa na uwezo wa kuyatengeneza, alitia kwenye kapu alichokuwa nacho, akafunika mdomo kwa mkono, akacheka. Hicho ndicho kilichomchoma Verlin kuliko goti.

Glenda alikuwa ameahirisha safari yake. Keki zilipopigwa mnada, aliinua mkono na kutaja bei ambayo ilinyamazisha ukumbi. Kisha watu wakapiga makofi mpaka vioo vikatetemeka. Hakuna aliyenuna. Walifurahi kana kwamba wameshinda wao.

Baadaye Glenda akaja kuketi karibu na Verlin, macho yamelowa.

"Umeona? Hatuachani. Hii ndiyo nchi yetu, Verlin."

Verlin alitazama ule ukumbi, wale watu aliowapenda, kile chakula ambacho kingelisha mji mara mbili.

"Glenda," alisema, "hivi umewahi kujiuliza ni kwa nini..."

"Kwa nini nini?"

Akatafuta maneno. Yalikuwapo mahali fulani, lakini kuyafikia kulitaka kupanda, naye hakuwa na mguu wa kupandia. Tena lingekuwa swali gani, kumwuliza mtu ambaye amenunua keki kwa ajili ya goti lako?

"Hamna kitu," alisema. "Asante kwa keki."

Kila mtu alipokwisha kufungiwa chake na hakuna friji iliyobaki na nafasi, wanawake walianza kumimina spageti kwenye mifuko myeusi ya taka. Verlin aligeuzia uso dirishani.

Goti alilipata mwezi wa Februari, kwa karamu ile na kwa mkopo juu yake. Daktari alisema limekaa vizuri, ila kubeba mizigo asahau. Rufino alipewa mwenzake mwingine. Verlin akapata kazi ya kusimama mlangoni mwa duka kubwa kando ya barabara kuu, kuwakaribisha wateja na kuwapa vitoroli.

"Habari yako leo?" walimwuliza wanaoingia.

"Nzuri sana! Na yako?"

"Nzuri sana!"

Kutwa nzima nzuri sana, kwa aliyefika na gari la kifahari na kwa aliyefika kwa miguu kando ya barabara isiyo na njia ya miguu. Kufika jioni taya zilimuuma.

Arlene alikwenda kumchukua siku moja ya Aprili, mvua ikinyesha. Verlin aliingia, akafunga mkanda, akatua mikono mapajani.

"Nimechoka," alisema.

Walikuwa wameoana miaka mingi, na neno hilo Arlene hakuwahi kulisikia kinywani mwake. Alizima injini.

"Uchovu wa leo, au wa siku zote?"

"Wa siku zote."

Arlene hakumwambia ajikaze. Alimshika mkono, wakakaa hivyo kwenye uwanja wa magari, watu wakipita na vitoroli vilivyojaa. Gari la nyuma likapiga honi, linataka nafasi yao. Akawasha injini, wakaondoka.