Dawa Niliyoiharibu

Hapa Kilibula bado kuna watu wanaosema niliharibu dawa ya vita. Niliiharibu, ndiyo. Tena makusudi.

Mume wangu alikuwa mwalimu. Uhuru ulipokuja akawa sekretere wa chama, akapanda juu ya meza sokoni akatangaza kwamba damu yake ni ya nchi. Watu wakapiga vigelegele. Nyumbani nikamuuliza, "Na minye nitabaki na nini?" Akacheka. Uasi ulipofika hakucheka tena, maana kila mtu alikumbuka maneno yale.

Waasi wakamchukua akapigane upande wao, wakamchanja, wakamnyunyizia maji ya dawa pamoja na wenzake ili risasi zisiwaingie. Mwiko mkubwa ulikuwa mmoja: asiguse mwanamke. Akahamia kambini, hatua chache tu kutoka kwetu, na akiniona njiani anavuka upande wa pili. Jamani! Tulikuwa na miaka mitano ya ndoa.

Asubuhi ya kupelekwa Luvungi kupigana na askari wa serikali, sisi wanawake tuliitwa kuwaimbia. Nikamwona mume wangu kando ya kamyo, lori la kuwapeleka, midomo imemkauka. Alikuwa anaogopa, na sekretere hana ruhusa ya kuogopa. Hasira ikanipanda. Nikapenya kati ya watu nikamshika mkono, nikaung'ang'ania.

Wimbo ukakatika. Wenzake wakaruka nyuma. Komanda akatokea upande wa pili wa kamyo akifoka, "Nani amemushika mwenzake?" Sheria yao ilijulikana: mwanamke akivunja dawa anapigwa risasi, mpiganaji akiivunja anachapwa fimbo na kufukuzwa. Wote walikuwa wameona.

Nikafungua kinywa. Mume wangu akaniwahi: "Ni minye. Nilimuita, nikamushika."

Mbele ya watu walewale waliompigia vigelegele! Wakamchapa mpaka akashindwa kusimama, kisha kamyo ikaondoka bila yeye. Katika wale waliopanda, walirudi wawili.

Baadaye mama mmoja aliyefiwa na mtoto wake kule Luvungi akanifuata mtoni, nikifua nguo za mume wangu.

"Weye uliharibu dawa, mtoto wangu akafa. Mume wako iko anakula ugali."

Niliogopa macho yake. Nilimhurumia, Mungu anajua. Lakini kuomba msamaha, hapana.

"Mama," nikamwambia, "siku ile mtoto wako alikuwa anatetemeka kuliko mume wangu. Na weye ulikuwa unaimba."