Jito Hajafa

Watu wa Hounslow, London, waliomfahamu Basant Kaur walianza kuujua ukaidi wake, chapati zake zikafuata. Alikuwa na miaka tisini na moja, macho yamefifia, magoti yamekataa ngazi, na bado binti yake Gurmit, naye bibi wa miaka sabini na mmoja aliyestaafu kazi ya jikoni uwanja wa ndege, hakuthubutu kusogeza kiti sebuleni bila ruhusa yake.

Chanzo cha ukaidi huo Gurmit alikijua tangu utotoni Kisumu. Mwaka 1947, Waingereza walipoondoka India na Punjab ikapasuliwa vipande viwili, Basant alikuwa msichana wa miaka kumi na tano. Kijiji chao karibu na mji wa Lyallpur kikaangukia upande wa Pakistan, na wao, kama Makalasinga wote wa pande zile, ikabidi wahame. Walitoka kwa msafara wa mikokoteni ya ng'ombe. Kwenye daraja la mfereji msafara ukashambuliwa, watu wakatawanyika, na vumbi lilipotulia mdogo wake Basant, Jito wa miaka sita, hakuonekana. Baba yao alimtafuta hadi askari wakamsukuma aende mbele. Walipofika Amritsar jamaa wakataka kumsomea Jito sala za wafu. Basant akakataa katakata.

"Maiti yake mmeiona?" akawauliza. "Mimi sijaiona."

Akaolewa na seremala wa Kisumu, ambaye babu yake alikwenda Kenya enzi za ujenzi wa reli. Kiswahili alijifunzia sokoni, kwenye mafungu ya nyanya na dagaa. Mwaka 1968 wakahama tena, wakiwa miongoni mwa Wahindi wenye pasipoti za Kiingereza waliokimbilia London kabla mlango haujafungwa. Mumewe akaomba kazi ya kuendesha basi, akaambiwa avue kilemba kwanza. Alirudi kwenye randa na msumeno, kilemba kichwani, mpaka sheria zilipobadilika. Kisha ukaja mwaka 1984, Makalasinga wakiuawa mitaani Delhi. Basant alikaa mbele ya televisheni kutwa nzima bila kudondosha chozi. Gurmit, wakati huo mama wa watoto wadogo, alimpigia magoti akamsihi wafanye zile sala za Jito, roho yake ipumzike. Mama akazima televisheni, akaenda kukanda unga.

"Jito hajafa," akasema kutoka jikoni, na mazungumzo yakaishia hapo.

Gurmit hakuamini. Alinyamaza kwa heshima tu, kama baba yake alivyonyamaza hadi akafariki.

Miaka michache iliyopita akaja Jokha, mlezi wa wazee aliyetumwa na kampuni moja kumsaidia Basant kuoga na kuvaa. Jokha ni mtu wa Pemba. Babake alikimbia baada ya Mapinduzi akiwa na nguo alizovaa tu. Basant alifurahi kupata mtu wa kusema naye Kiswahili, ingawa alimlalamikia kwamba chake kimenyooka mno, kama cha redioni. Siku moja, akimchana nywele, Jokha aliuliza jambo ambalo watu wa nyumba ile hawakuwahi kuuliza: huyo Jito alikuwa mtoto wa namna gani?

Bibi akasema mpaka chai ikapoa. Jito alikuwa anang'ata watu. Alikuwa anaogopa vyura. Baba yao alikatwa kidole cha mkono wa kulia na msumeno, na Jito hakupata usingizi bila kushika pale palipokatika.

Jioni Jokha akamweleza Gurmit kwamba mwenzake kazini, Sundus, kwao ni Faisalabad, ndiyo Lyallpur ya zamani, na ana binamu anayezunguka vijijini akirekodi wazee waliopotezana mwaka ule. Gurmit akamwomba asimtie mama tamaa.

"Bi Gurmit," Jokha akajibu taratibu, "tamaa mama anayo miaka yote. Mie na wewe ndio hatuna."

Wakamrekodi Basant kwa simu. Alitaja kijiji chake, daraja na jina la mdogo wake. Habari ya kidole hawakuitia.

Miezi ikapita. Majira ya baridi Basant akashikwa na nimonia, akalazwa, na daktari akamwambia Gurmit kwa upole kwamba ajiandae. Gurmit alikuwa ameketi kando ya kitanda, ameshaanza kuwaza nani apigiwe simu, Jokha alipoingia bila hata kuvua koti, akampa simu yake. Kwenye kioo, katika video iliyorekodiwa na binamu wa Sundus, alikuwepo bikizee mwenye ushungi mweupe, ameketi uani huko Faisalabad. Jina lake Hamida. Mfinyanzi mmoja na mkewe walimwokota mferejini, wakamlea kama mtoto wao.

"Zamani niliitwa Jito," akasema kwa Kipunjabi. "Baba yangu alikuwa na vidole vinne mkono wa kulia. Nilikuwa nalala nimeshika pale palipokatika."

Gurmit akairudisha video mwanzo. Akaiweka simu kwenye sikio la mama yake. Basant alisikiliza hadi mwisho, macho amefumba.

"Niliwaambia," akasema. Kisha akaomba chakula, yeye ambaye siku kadhaa alikuwa akikataa hata uji.

Madaktari walisema ni mwili wenye nguvu. Gurmit alijua ni kitu kingine. Mama alirudi nyumbani, na kila asubuhi yeye na Hamida walionana kwa simu, wakibishana nani alivunja mtungi wa jirani. Viza ya Hamida ilipotoka, ilikuwa Juni.

Gurmit alikuwa ameingia uwanja wa Heathrow kwa mlango wa wafanyakazi karibu maisha yake yote ya kazi. Siku hiyo alisimama mbele, pale wageni wanapotokea, ameshika kiti cha magurudumu cha mama yake. Hamida akatokea kwenye kiti kama hicho, akisukumwa na mjukuu. Basant akakataa kupokea mtu akiwa amekaa. Akasimama, magoti yale yale, akatembea.

"Umechelewa," akamwambia.

Hamida akaushika mkono wake, akaupeleka mdomoni, akang'ata kidole kwa fizi. Wakacheka mpaka watu wasiowajua wakawa wanajifuta machozi.

Jumapili wakaenda gurdwara, hekalu la Makalasinga. Asubuhi Hamida alikuwa ameswali chumbani kwa Gurmit, na Basant alimngoja amalize ndipo wakanywa chai pamoja. Ukumbi ulijaa. Mzee wa gurdwara akaishika maikrofoni, akawasimulia watu habari za wale dada wawili walioketi mbele, mmoja Muislamu, mmoja Kalasinga, mikono imeshikana. Watu wakainuka, safu kwa safu. Sauti moja ikaanzisha mwito wa imani yao, "Bole so nihal!", na ukumbi mzima ukajibu, "Sat sri akal!" hadi vioo vikatetemeka.

Jokha alikuwa nyuma, mtandio kichwani, mwiko wa dengu mkononi, akisaidia kugawa chakula. Gurmit alijibu kwa nguvu zake zote. Akavuta pumzi, na mwito ulipotolewa mara ya pili akawatangulia wote kuitika.