Ukurasa Uliozaliwa Mhezi

Jua bado halijavuka mgongo wa mlima Shengena, na Eliakunda Mgonja anaiamkia ngozi ya ng'ombe. Ameinama, mikono magotini, kama mtu aliye mbele ya shangazi yake.

"Shikamoo," anasema.

Ngozi haiitikii marahaba. Maandishi yaliyo juu yake yanainuka kidogo, kama vinyweleo vya mkono vipigwavyo na baridi, kisha yanalala.

"Imenipita umri," anaeleza. "Kila kilichonipita umri nakiamkia."

Eliakunda ni mtunza miswada hai katika kijiji cha Mhezi, Upare Kusini. Koo za milimani na wafugaji wa tambarare humwachia ngozi zao, zile ambazo hujiandika zenyewe kile zinachosikia kikisemwa. Kila asubuhi huzipangusa kwa kitambaa kilicholowekwa maji ya ndiva, bwawa la kumwagilia mashamba, kwa kuwa maji ya bomba yenye dawa hufifisha wino. Kisha huzitandika kwenye ukungu na kuzisimulia habari za kijiji: nani kavuna, nani kajifungua, nani kakwepa msaragambo, kazi ya pamoja ya kuchimba mfereji.

Ujira wake ni debe la maharage, mara nyingine kibuyu cha maziwa. Wapo wanaodai kwamba herufi hizo ni kuvu tu, na yawezekana wana hoja, ila kuvu hiyo haijapata kukosea jina la mtu.

Kwa zaidi ya miaka ishirini ametunza miswada ya watu. Wa kwake hajawahi kuwa nao, maana wa ukoo wao uliteketea kabla hajazaliwa. Baba yake alipofariki, hapakuwa na ngozi ya kumsimulia.

"Nimelea watoto wa wenzangu mpaka mikono imezeeka," anasema.

Kiangazi hiki kilipoanza, Nanyori, mjane wa jamii ya wafugaji aishiye chini karibu na mji wa Same, alimtuma mwanawe Loth apandishe mswada wao, uliokuwa ukikauka na kudondosha maneno. Mlezi wa mswada huo alikuwa Lazaro, marehemu mume wa Nanyori, na kama ilivyo kwa miswada yote, ulichukua mwandiko wa mlezi: herufi zilizoinama mbele, kama mtu anayetembea dhidi ya upepo. Tangu azikwe, ulikuwa haujaandika neno jipya.

Ukungu wa mlimani uliunenepesha, nao ukazaa: ukurasa mmoja mtupu, laini, wenye ukubwa wa kiganja.

Desturi hapa ni ileile ya ng'ombe wa kuwekesha: mzao wa kwanza ni wa aliyetunza. Nanyori aliijua vizuri. Hata hivyo, kupitia simu ya Loth, aliuomba ukurasa huo, akisema huenda ukaandika kwa mkono wa mumewe.

Hapo ndipo Eliakunda alipokosea. Aliona si haki kuulisha maneno yake kabla shauri halijaamuliwa, akaamuru nyumba nzima inyamaze mbele ya ukurasa. Binti yake Irene akawa anaomba chumvi kwa ishara. Lakini ukurasa mchanga usiosikia neno hufa njaa. Kingo zikajikunja, ukawa mgumu kama kisigino. Eliakunda akatuma ujumbe Same: njoo, la sivyo tutaukosa sote.

Nanyori alipanda kwa pikipiki, akafika amejaa vumbi na malalamiko. Mlima wao, alisema, hauna adabu. Wakaketi, ukurasa katikati yao.

"Zungumza wewe, yeyo," alisema Eliakunda, kwa neno la Kimaasai la kumheshimu mama. "Wewe ndiye mwenye Lazaro."

"Na wewe ndiye mwenye haki, mama Irene. Zungumza wewe."

Wakaendelea kuheshimiana, na ukurasa ukaendelea kufa. Irene akaleta chai. Nanyori akaonja, akaweka kikombe chini.

"Chai ya mlimani haina maziwa."

Ukurasa ukatikisika. Maneno hayo yakajitokeza moja moja, herufi zikiinama mbele, kama mtu anayetembea dhidi ya upepo.

Nanyori aliinama kuyatazama. "Hayo si yangu," alisema. "Ni yake. Aliyasema kila akirudi kutoka huku."

Eliakunda aliuviringisha ukurasa kwenye kanga na kumkabidhi. Nanyori akaupakata, akageuka kutazama tambarare, ambako vumbi lilikuwa limefunika hata barabara, kisha akaurudisha.

"Ndama wa mlimani ukimteremsha kiangazi, unafikisha ngozi tu," alisema. "Mlee. Ila usimlaze tena na njaa."

Sasa maziwa hupanda Mhezi kwa pikipiki kila wiki. Eliakunda ameanza kuusimulia ukurasa habari za baba yake, na masika yakifika anakusudia kuuteremsha bomani kwa Nanyori, usikie ng'ombe wakirudi malishoni.

Akimaliza kuamkia ngozi zote, husimama wima mbele ya ukurasa wake.

"Huyu ni mdogo kwangu," anasema. "Yeye ndiye wa kuniamkia."

Haujafanya hivyo bado.

"Nasubiri. Marahaba yangu ninayo."