Wimbo wa Mazishi na Bomba Linalovuja

Mtaani tulimwita Fundi Kimya, ingawa kazi yake ilikuwa kutunga muziki wa filamu. Jina hilo lilitokana na desturi yake: kila filamu aliyoletewa aliitazama kwanza bila sauti, akivuta pumzi pamoja na waigizaji, mpaka ajue muziki uingie wapi na utoke wapi. Hakuajiriwa na kampuni yoyote. Studio yake ilikuwa chumba cha kulala. Mchana godoro lilisimamishwa dirishani kuzuia honi.

Filamu moja ilihitaji sauti ya mwanamke kwenye mazishi. Alimwendea dada yake mkubwa, mshonaji, ambaye aliwahi kumwimbia katika filamu nyingine, sauti ikakatwa bila taarifa. Siku ya kuonyeshwa filamu hiyo, dada alikuwa amewaalika wateja wake wote.

"Nilikaa pale kama bibi harusi aliyekimbiwa," alimkumbusha. "Haya, nitaimba. Lakini wakinikata tena, mdogo wangu, usije kwangu hata kupunguza suruali."

Aliimba mara moja tu, amelielekea godoro. Ilitosha.

Baada ya muda mwongozaji wa filamu alipiga simu.

"Kaka, mazishi nimeyaondoa. Yalichosha."

"Na wimbo?"

"Wimbo ni mzuri mno. Umekosa tu pa kukaa."

Fundi Kimya aliitazama filamu upya, bila sauti, mwanzo hadi mwisho. Pumzi zililingana na wimbo mahali pamoja tu: pale baba aliyefiwa na mkewe anapokaza bomba linalovuja jikoni.

"Bomba?" mwongozaji alishangaa.

"Wewe tazama mabega yake, kisha useme."

Mwongozaji alitazama. Alikohoa kidogo, akasema basi, iwe bomba.

Dada hakuambiwa. Alifika ukumbini na wateja wake, wengine wapya, akaketi katikati yao, ndugu yake kando. Sauti yake ilipoanza, ukumbi ukatulia. Dada akaikodolea macho skrini.

"Lile ni bomba," alinong'ona.

"Ni bomba, dada."

"Mazishi yako wapi?"

"Yamekatwa. Wewe hukukatwa."

Dada aligeuka nyuma. Mzee mmoja alikuwa akijifuta macho kwa kofia yake. Safu nzima iliyomfuata ilikuwa ikivuta kamasi. Mteja akamwinamia.

"Mama, kwani hapo kafa nani?"

"Nyamaza," dada alimjibu, akijiweka sawa kitini. "Bado naimba."