Mama Alipompigia Mama Mkubwa Mbele ya Kamera

Kabla hajawa mama yangu, Mama alikuwa mwigizaji wa filamu kwao Ukraina. Akampenda mwanafunzi wa uhandisi kutoka Tanzania, akamfuata hadi Kariakoo, kwenye ghorofa juu ya duka la vitenge, karibu na Msimbazi. Baba alifariki nikiwa shule ya msingi. Ndugu zake walidhani Mama atafungasha arudi kwao. Hakufungasha.

Filamu za Bongo zilipoanza kushika soko, watayarishaji wakamkumbuka. Walimtaka kwa ngozi yake tu: mzungu mwenye roho mbaya, mzungu anayepora waume za watu. Kiswahili chake kilikuwa cha sokoni, cha haraka. Wakamwambia akivunjevunje ili asikike mgeni. Akakivunja. Akienda kununua nyanya, wanawake walimtania, "Jamani, ficheni waume!" naye akacheka nao. Nyumbani hakuwa anacheka.

Vita ilipoingia kwao, dada yake alikataa kuondoka. Huyo ni mama mkubwa wangu, niliyemjua kwa sauti tu. Miguu yake ilikuwa imechoka, na alisema hamwachi paka wake. Mama alimpigia kila asubuhi, na kila asubuhi waligombana kuhusu huyo paka. Halafu simu ikaacha kupokelewa. Mama akawa hali chakula, anazunguka chumbani, ananiuliza mimi muuza khanga, "Mtandao wa huko umekatika tu, sivyo?" Nilimwambia ndiyo. Sikujua lolote.

Katikati ya hayo akaitwa kuigiza mjane anayepigiwa simu kwamba mwanawe amekufa.

"Mama, usiende," nikamsihi.

"Nikikaa humu nitapasuka, mwanangu."

Tulienda sote wawili, kwenye nyumba waliyokodi mtaa wa Gerezani. Mafundi wa taa wakamwamkia shikamoo, akaitikia bila kuwatazama. Mara ya kwanza machozi hayakutoka. Mara ya pili vilevile. Mwongozaji akaishiwa subira.

"Mama, umefiwa! Lia basi, jua linatukimbia."

Wakaanza upya. Mama hakusema maneno aliyopewa. Nilimwona anabonyeza namba kweli, kwenye simu yake mwenyewe, kisha akaanza kusema kikwao. "Pokea. Pokea, mkaidi wewe. Njoo naye huyo paka, njooni wote, sitagomba tena. Pokea!" Sauti ikapanda, ikapasuka, akaanguka magoti. Mle ndani aliyemwelewa nilikuwa mimi peke yangu, kwa kuwa ugomvi huo wa paka niliusikia kila asubuhi. Simu haikupokelewa.

"Kata! Safi sana!" Watu wakapiga makofi.

Nilimkimbilia, nikamkumbatia palepale sakafuni. "Waambie wafute," akaninong'oneza.

Mwongozaji alinishangaa. "Dada, hiyo ndiyo filamu yenyewe." Nilipomweleza kwamba Mama alikuwa akimpigia dada yake kweli, alivua kofia, akampa pole kwa mikono miwili. Lakini hakufuta.

Filamu ikatoka, ikapendwa. Wanawake wa soko la samaki la Feri waliacha meza zao kuja kumwambia alivyowaliza. Mama akaacha kwenda Feri, kisha akaacha kutoka kabisa. Watayarishaji walipopiga, nilijibu mimi kwamba anaumwa.

Baadaye jirani wa mama mkubwa, aliyekimbilia Polandi, alitupata kwa simu. Jengo lilikuwa limepigwa. Mama mkubwa hakuonekana, si kwa wazima wala kwa waliozikwa. Tungetangazaje msiba wa mtu ambaye hakuna aliyeuona mwili wake? Wapangaji wenzetu hawakungoja tutangaze. Walitandika mikeka ukumbini, wakachemsha chai, wakakaa na Mama bila kumuuliza kitu.

Mikeka ilipokunjwa, akaniomba niwe nazungumza naye kikwao, kwa kuwa sasa hana mwingine. Lakini kikwao ninachokijua ni cha mtoto: nina njaa, nipe maji, nakupenda. Jana alinieleza jambo refu huku machozi yakimchuruzika, na nusu yake haikuniingia. Nilimshika mkono, nikaitikia kwa kichwa. Akaniangalia, akajua sijaelewa, akaendelea kusema.